Nyumba Zisizorithiwa

Mwaka 2011 Marie Huchzermeyer, msomi wa mipango miji katika Chuo Kikuu cha Witwatersrand, Johannesburg, alichapisha kitabu chake Tenement Cities, kinachoweka Berlin ya karne ya 19 kando ya Nairobi ya leo. Berlin na mtaa wa Huruma, wapi na wapi? Ndivyo msomaji wa Nairobi anavyoweza kuuliza akiona jalada. Lakini anayekisoma akiwa Pumwani, hatua chache kutoka Gikomba, hachukui muda kuona kwamba anasomewa habari zake mwenyewe, hata katika kurasa zisizoutaja mtaa wake.

Hoja kuu ya kitabu ni kwamba magorofa ya kupangisha yanayojengwa na watu binafsi kwa ajili ya faida, yakajaza kiwanja kutoka mpaka hadi mpaka, yakalaaniwa na wahandisi, madaktari na wanasiasa, ndiyo yaliyowapa wafanyakazi wengi wa miji hiyo miwili mahali pa kulala. Mji unaoyapiga vita bila kuuliza kwa nini yapo humwumiza mpangaji kabla haujamgusa mwenye nyumba. Nakubaliana naye kwa sehemu kubwa. Ila historia ya Pumwani inadai swali jingine, ambalo kwangu ni zito kuliko umbo la jengo lolote: ni nani aliyeruhusiwa kumwachia mwanawe nyumba? Vitabu bora vilivyoandikwa kuhusu mitaa hii ya Eastlands, mashariki mwa Nairobi, vikisomwa pamoja, vinalijibu swali hilo kwa ukali ambao kimoja peke yake hakina.

Huko Berlin, kanuni ya ujenzi ya mwaka 1853 ilitaka ua wa ndani ya jengo usipungue mita 5.34 kila upande, nafasi iliyotosha kugeuza gari la zimamoto. Kipimo hicho kiliwekwa kwa hofu ya moto. Mwanga na hewa ya wakazi havikuwamo katika hesabu, na wenye viwanja wakakichukua kiwango hicho cha chini kabisa wakakifanya ndicho cha kujengea. Mwaka 1862 mhandisi James Hobrecht akachora ramani ya upanuzi wa mji, yenye barabara pana na vitalu vikubwa mno. Ndani ya vitalu hivyo nyumba zilijengwa nyuma ya nyumba, ua baada ya ua. Meyers Hof, katika eneo la Wedding, ilikuwa na majengo sita yaliyofuatana katika kiwanja kimoja. Aliyekaa mbele alipata dirisha la barabarani. Aliyekaa nyuma kabisa alipata giza, na kodi alilipa vilevile.

Wasanifu wa kizazi kilichofuata waliyachukia magorofa hayo kwa dhati, na sababu walikuwa nazo: kifua kikuu, watoto wasioona jua, familia nzima katika chumba kimoja. Bruno Taut na Martin Wagner wakajenga mitaa mipya pembezoni mwa Berlin. Huko Frankfurt, kati ya mwaka 1925 na 1930, Ernst May alisimamia ujenzi wa maelfu ya nyumba za wafanyakazi, zenye jua na bustani, pamoja na lile jiko dogo maarufu ambalo Margarete Schütte-Lihotzky alilipima mwaka 1926 kwa kufuata kila hatua anayopiga mpishi. Huo ndio usanifu wa kisasa katika hali yake iliyo njema zaidi. Ulikuwa na imani kwamba mtu wa kipato kidogo anastahili dirisha, choo na mahali pa kuanikia nguo, na kwamba serikali ya mji ina wajibu wa kumpatia.

May hakubaki Ulaya. Baada ya miaka michache katika Umoja wa Kisovyeti, alifika Tanganyika mwaka 1934, akalima, kisha akafungua ofisi Nairobi. Vita vya Pili vya Dunia vilipoanza, Waingereza walimtia kizuizini kama raia wa adui. Alipoachiliwa alitayarisha mpango wa upanuzi wa Kampala, eneo la Kololo na Naguru. Akasanifu Oceanic Hotel ya Mombasa na jengo la chama cha ushirika cha KNCU mjini Moshi. Alibuni pia nyumba ya vipande vya zege vya kiwandani, yenye umbo la upinde, akiikusudia kwa Waafrika. Pumwani yenyewe hakuijenga yeye. Namtaja kwa sababu safari yake inaonyesha wazi kilichopotea njiani. Frankfurt, mfanyakazi aliyejengewa nyumba alikuwa mpiga kura, na chama chake cha wafanyakazi kilikuwa na sauti katika baraza la mji. Nairobi, Mwafrika aliyejengewa hakuwa na kura, na hadi mwaka 1947 mwanamume alitakiwa kutembea na kipande, kitambulisho cha kazi. Vipimo vya wasanifu vilikuja, lakini uraia uliovipa maana uliachwa bandarini.

Pumwani ilikuwapo kabla ya hayo yote. Serikali ya kikoloni iliitenga mwanzoni mwa miaka ya 1920 iwe mahali pa Waafrika wa mjini, ikakusudia kuvikusanya hapo vijiji vilivyokuwa vimetawanyika: Mombasa, Maskini, Kaburini, Pangani. Watu waligawiwa viwanja wakajijengea. Sehemu hiyo ndiyo Majengo, na nyumba zake zilifuata ramani ambayo mtu wa Lamu au Bagamoyo angeitambua bila kuelezwa. Mbele kuna baraza. Mlango unafungukia ukumbi mrefu ulionyooka hadi nyuma, vyumba vikiwa vimepangwa huku na huku, kila kimoja na mlango wake na kufuli lake. Mwisho wa ukumbi ni uani, penye jiko, bafu na choo. Kuta ni za fito na udongo, baadaye zikapigwa plasta. Paa ni la mabati, au la madebe yaliyopasuliwa na kunyooshwa. Mwenye nyumba anakaa chumba kimoja, mara nyingi cha mbele, na vilivyobaki anavipangisha.

Ramani hii inafaa kutazamwa kwa makini, kwa sababu inafanya kazi ambayo nyumba za manispaa hazikuwahi kuifanya. Ukumbi unamruhusu mwenye nyumba kumjua kila anayeingia na kutoka. Uani unawaunganisha wapangaji katika maji, moto na maneno. Chumba kinaweza kupangishwa kwa mwezi, kikabaki kitupu, kikapewa mpwa aliyetoka bara kutafuta kazi, kisha kikapangishwa tena. Nyumba ya namna hii inapanuka na kusinyaa kufuatana na hali ya mwenyewe. Wapimaji wa manispaa waliiona kuwa ni fujo ya udongo na mabati. Kwa aliyeijenga ilikuwa biashara, pensheni na mahali pa kufia.

Na mara nyingi aliyeijenga alikuwa mwanamke. Janet Bujra, aliyefanya utafiti Pumwani miaka ya mwanzo ya 1970, na baada yake Luise White katika The Comforts of Home cha mwaka 1990, wameonyesha kwamba zaidi ya theluthi ya wenye nyumba wa Pumwani ya kikoloni walikuwa wanawake. Wengi walianza na umalaya katika chumba cha kupanga. White anaieleza kazi hiyo kama kazi: mwanamke alimpa mwanamume chai, chakula, maji ya kuoga na pa kulala, yaani yale yote ambayo mwajiri na manispaa walikataa kuyalipia, kisha akaweka akiba akajenga. Kuna wasomaji wanaolikataa somo hili kwa aibu. Mimi naliona kuwa miongoni mwa maandishi yenye heshima zaidi kuhusu wanawake wa mji huu, kwa sababu White aliwaendea wakiwa wazee, akawasikiliza wakieleza hesabu zao, na hakuwahukumu.

Walichokitaka wanawake hao baada ya kujenga kilikuwa kuirithisha nyumba kwa wamtakaye. Wengi walisilimu na kukata uhusiano na kwao. Wengine walichagua binti wa kulea, au msichana aliyewatunza uzeeni, awe mrithi wao. Ukoo mpya ulikuwa unazaliwa mjini kwa njia ya nyumba. Tatizo lilikuwa chini ya nyumba: ardhi ilibaki ya manispaa. Mwenye nyumba alikuwa na kibali cha kukaa, akalipa ada ya kiwanja, na hakuwa na hati. Alimiliki kuta na paa.

Pangani ndipo tatizo hili lilipojitokeza waziwazi. Kijiji hicho kilichokuwa na nyumba za kujijengea kilivunjwa mwishoni mwa miaka ya 1930, na Shauri Moyo ikajengwa kuwapokea waliohamishwa. Nyumba mpya zilikuwa imara kuliko za zamani, zimepangwa kwa safu, na njia ya maji machafu ilikuwapo. Waliokuwa na nyumba Pangani walipewa haki ya kukaa humo muda wote wa uhai wao. Kurithisha hawakuruhusiwa. Soma masharti hayo polepole. Bibi aliyekuwa na nyumba ya vyumba sita, ambayo angeweza kumwachia mwanawe, alibadilishiwa kwa nyumba nzuri zaidi ambayo ingerudi kwa manispaa siku atakayozikwa. Ripoti za wakati ule ziliyaita hayo maboresho, na kwa upande wa matofali na mabomba yalikuwa maboresho kweli.

Kipimo cha manispaa na cha shirika la reli hakikuwa nyumba bali kitanda. Mwanamume alihesabiwa kuwa mfanyakazi aliye safarini, mke na shamba lake viko kwao, na nafasi yake mjini ilipangwa na kukodishwa kwa kitanda. Mawazo hayo yalianza kubadilika miaka ya 1940. Mpango mkuu wa Nairobi wa mwaka 1948, ulioandikwa na Thornton White, Silberman na Anderson, uligawanya mji katika mitaa yenye shule, maduka na ukumbi wake, huku waandishi wake wakidai kwamba suala la ubaguzi wa rangi halikuwa lao, kwa kuwa wao walishughulikia mahitaji ya binadamu tu. Mwaka 1954 kamati ya Carpenter ilipendekeza mshahara unaotosha kulisha familia mjini. Mwaka huohuo, tarehe 24 Aprili, Operesheni Anvil, ya kupambana na Mau Mau, iliizingira Eastlands na kuwakamata maelfu ya watu, wengi wao wakiwa Wakikuyu, Waembu na Wameru. Ujenzi wa nyumba za familia na operesheni ya kijeshi vilikwenda pamoja, na majina ya mitaa yanakumbusha hilo: Mbotela na Ofafa ni majina ya viongozi waliouawa miaka ya 1952 na 1953.

Kaloleni, iliyojengwa miaka ya 1940 kwa sehemu na mafundi wa Kiitaliano waliokuwa mateka wa vita, ndiyo iliyo bora katika mitaa hiyo. Nyumba za mawe na vigae zimetandazwa kuzunguka ukumbi wa jamii, miti ni mikubwa, na nafasi kati ya nyumba na nyumba ni ya ukarimu ambao Nairobi haijaurudia. Constance Smith ameandika juu ya mtaa huu katika Nairobi in the Making, cha mwaka 2019. Alichokiona ni kwamba familia zimekaa humo vizazi vitatu hadi vinne kama wapangaji wa serikali ya mji. Babu alipata nyumba kwa kazi yake, baba akaendelea kulipa kodi, mjukuu anaendelea. Kisheria hawana chao. Kimaisha, wao ndio Kaloleni.

Ukipita huko utaona jinsi walivyojaribu kuziba pengo hilo. Ubavuni mwa nyumba ya mawe kumeungwa chumba cha mabati, na nyuma yake kingine. Kimoja anakaa kijana aliyeoa, kingine kimepangishwa ili kodi ya nyumba kubwa ipatikane, kingine ni kibanda cha kuuzia sukari na sabuni. Wataalamu wengi hutazama mabati hayo wakaona mtaa mzuri ulioharibiwa. Smith anayatazama akaona watu wanaojenga madai, karatasi za kodi za miaka mingi zikiwa zimetunzwa ndani ya nyumba kama ushahidi. Hapo nadhani amewapita wengi waliomtangulia. Kile chumba cha mabati kinarudisha kimyakimya ramani ya Majengo: chumba cha kupangisha, ua wa pamoja, nafasi ya ndugu. Watu walipewa nyumba ya familia moja kwa kipimo cha mtaalamu, nao wakaigeuza polepole kuwa nyumba inayoweza kulea ukoo.

Baada ya uhuru, Halmashauri ya Jiji ilivunja sehemu ya Majengo na kujenga mtaa wa California. Bujra alifuatilia mvutano huo na kuuita siasa za mali, kwani kila aliyekuwa na vyumba vya kupangisha alijua kwamba nyumba mpya ya kununua kwa awamu ingemgeuza kutoka mpokeaji kodi kuwa mdaiwa. Kwingineko mipango ilifuatana. Buru Buru ilijengwa kuanzia mwaka 1973 kwa tabaka la kati. Dandora, kwa mkopo wa Benki ya Dunia, iligawa viwanja 6,000 vyenye maji na choo ili watu wajijengee. Umoja nayo ilikusudiwa kwa wenye vipato vya chini. Katika Dandora na Umoja, baada ya muda, magorofa ya kupangisha yaliota, na hapo ndipo tunaporudi kwa Huchzermeyer.

Anachokieleza yeye kila mkazi wa Huruma au Pipeline anakijua kwa miguu yake. Kiwanja cha futi 50 kwa 100, au pungufu. Ghorofa sita, saba, nane, bila lifti. Vyumba vya futi kumi kwa kumi vimepangwa pande mbili za ukumbi wenye giza mchana. Choo na bafu ni vya pamoja kila ghorofa. Maji hupanda siku kadhaa kwa wiki, na siku nyingine mtungi hubebwa ngazini. Mwenye jengo haonekani. Anayeonekana ni keyateka, anayekusanya kodi na kufunga mlango wa anayechelewa. Ukiitazama ghorofa moja peke yake, utaona nyumba ya Majengo: ukumbi katikati, vyumba huku na huku. Kilichobadilika ni kwamba mwenye nyumba amehama chumba cha mbele, na ua umebanwa ukawa tundu la hewa ambalo hata gari la zimamoto la Berlin lisingeota kugeukia humo.

Huchzermeyer anakataa kuyaita majengo haya balaa tupu, na anafanya vyema. Yanawapa mamia ya maelfu ya watu makazi karibu na kazi, barabara zake zina uhai, maduka ya chini yanalisha mtaa, na hakuna mradi wa serikali uliokaribia wingi wake. Anataka serikali iyakubali kwanza, kisha iyadhibiti kwa kanuni zinazoweza kutekelezwa. Hata yale magorofa ya Berlin yaliyopona mabomu na ubomoaji leo yanakarabatiwa na kupendwa.

Ninapotofautiana naye ni katika uzito anaoupa umbo la jengo ukilinganisha na nguvu za aliye ndani yake. Magorofa ya Berlin hayakupata nafuu kwa kanuni za ujenzi peke yake. Wapangaji walipiganiwa na vyama, wakapata sheria za kodi na ulinzi dhidi ya kufukuzwa. Kenya ina Sheria ya Udhibiti wa Kodi, lakini inalinda nyumba ambazo kodi yake haizidi shilingi 2,500 kwa mwezi. Ni vyumba vichache mno vya mji vinavyoangukia humo sasa. Tarehe 29 Aprili 2016, mvua kubwa ikinyesha, jengo la ghorofa sita karibu na mto lilianguka Huruma na kuua zaidi ya watu 40. Wapangaji wa jengo kama hilo huona nyufa kabla ya mkaguzi yeyote. Kinachokosekana ni mahali ambapo neno lao lina nguvu ya kusimamisha kodi au kumlazimisha mwenye jengo alikarabati.

Sasa magorofa mapya yanapanda Shauri Moyo, na mengine yamepangwa au kuanzwa katika mitaa ya zamani iliyo jirani. Sheria ya Nyumba za Bei Nafuu ya mwaka 2024 inakata asilimia 1.5 ya mshahara wa kila mfanyakazi, na mwajiri analipa kiasi hichohicho. Nataka nyumba hizo zijengwe. Hakuna aliyewahi kubeba maji hadi ghorofa ya saba atakayeidharau nyumba yenye bomba, na hamu ya May ya kumpa mfanyakazi jua na choo ilikuwa hamu ya haki. Katika mradi mpya wa nyumba wa Pangani, wapangaji wa zamani walilipwa shilingi 600,000 kila familia ili wahame, wakaahidiwa nafasi ya kununua jengo likikamilika. Hiyo ni hatua mbele ya mwaka 1939. Lakini ahadi ya kununua si haki ya mtu ambaye amelipa kodi miaka 50 na mshahara wake ulikwisha alipostaafu. Mjane wa mpangaji ana nafasi gani? Mtoto aliyezaliwa katika chumba cha mabati je, na yule aliyepangishwa humo?

Ibara ya 43 ya Katiba ya mwaka 2010 inampa kila mtu haki ya makazi yanayofikika na yanayofaa. Haisemi haki hiyo hukoma mwenye jina kwenye kadi ya kodi anapofariki. Kabla tingatinga halijaingia katika safu nyingine yoyote ya Shauri Moyo, Ziwani au Kaloleni, serikali ya kaunti na wizara zichapishe mambo mawili kwa Kiswahili, yabandikwe katika ofisi ya chifu na kwenye ukumbi wa jamii. La kwanza ni orodha ya kila nyumba, miaka ambayo familia imekaa humo na wote wanaoishi chini ya paa hilo, pamoja na vyumba vya kuunga. La pili ni masharti ya nyumba mpya: bei, muda wa malipo, kinachotokea mtu akishindwa kulipa, na jina la mrithi, likiwa limeandikwa kabla mpangaji hajatia saini kukabidhi ufunguo wa nyumba ya zamani.